Klabu ni ya Wenyewe, Haki ni ya Wote

Msomaji mpenzi, bila shaka umewahi kupita karibu na lango lenye bango la "Wanachama Pekee". Pengine uliharakisha hatua zako ukijiambia kwamba ya huko ndani hayakuhusu. Siri ya mtungi aijuaye ni kata, wahenga walisema. Lakini je, ni kweli hayakuhusu?

Klabu za aina hii zililetwa nchini na walowezi. Klabu ya Muthaiga jijini Nairobi, kwa mfano, ilifunguliwa usiku wa kuamkia mwaka wa 1914. Kwa miaka mingi Waafrika na Wahindi hawakukubaliwa kuwa wanachama. Mwafrika aliingia humo kama mpishi au mhudumu. Na ilhali humo ndimo walowezi wakubwa walimokutana na kuzungumza siasa za koloni! Walioachwa nje ndio hasa waliohusika na yaliyosemwa ndani.

Uhuru ulipopatikana 1963, ubaguzi wa rangi ulipoteza nguvu zake. Wa jinsia haukuondoka upesi hivyo.

Kesi ya Limuru

Mnamo 2014 Mahakama Kuu iliamua kesi ya wanachama wanawake watatu dhidi ya klabu ya Limuru Country Club. Wanawake hao walikuwa wamepinga kanuni iliyowabagua wachezaji gofu wa kike katika uongozi wa klabu. Klabu ilijitetea kwamba ni chama cha kibinafsi kinachojiwekea kanuni zake.

Mahakama haikukubali. Katiba ya 2010, katika kifungu cha 20, inasema kwamba haki za kimsingi zinamfunga kila mtu, si serikali pekee. Nacho kifungu cha 260 kinaeleza kwamba neno "mtu" ni pamoja na kampuni na chama. Kwa hivyo klabu pia ni "mtu", na kifungu cha 27 kinamkataza mtu kumbagua mwenzake kwa sababu ya jinsia, kabila, dini, ulemavu na kadhalika.

Usidhani ni Kenya tu. Augusta National, klabu mashuhuri ya gofu huko Marekani, ilipokea wanawake wa kwanza 2012. Garrick ya London, iliyoanzishwa 1831, ilipiga kura ya kuwakubali mwaka wa 2024. Wanachama wa Garrick walikuwa pamoja na majaji na wanasiasa. Hebu fikiria: wakili wa kiume anakula chakula cha jioni na jaji, naye wakili wa kike hawezi kuwa mwanachama. Hayo ni mambo ya faragha kweli?

Na chama chako?

Huenda ukasema hayo ni ya matajiri. La hasha! Wewe pia una chama: cha kuweka akiba, cha mazishi au cha ukoo. Katiba inakupa uhuru wa kujiunga na wenzako, na zipo sababu njema za kufunga mlango. Akina mama waliofiwa na waume, kwa mfano, wanahitaji mahali pa kulia bila kutazamwa.

Hata hivyo, kabla ya kutia sahihi kanuni za chama, jiulize mambo matatu. Je, anayekataliwa anakataliwa kwa alivyotenda au kwa alivyozaliwa? Je, wote wanaolipa mchango sawa wana kura sawa? Na je, tunayoyaamua humu, kama vile ardhi ya ukoo au zabuni ya barabara ya kijiji, ni yetu peke yetu?

Jibu la swali la tatu likiwa "hapana", basi mkutano huo haukupaswa kufanyiwa nyuma ya mlango uliofungwa. Wafungulieni wenye mali waingie wasikie.