Rangi ya mtazamaji na rangi ya mkaaji

Miongoni mwa insha nilizosahihisha huku kwetu ng'ambo ya kisiwa cha Mombasa, ilikuwamo moja iliyonishughulisha kuliko zote. Mwandishi wake alibuni mtambo wa kumulika rangi. Ukimulika kijani, mchanga unaota mchicha. Ukimulika buluu, kisima cha maji ya chumvi kinatoa maji matamu. Wenzake waliposomewa walicheka. Mimi nilimpa alama nzuri, kwani mtambo huo tunao tayari, ila aghalabu tunauita kopo la rangi na brashi, na matumizi yake yataka kuchunguzwa.

Chukua mfano wa matatu zinazopita Changamwe na Kisauni. Tarehe 1 Februari 2004, kanuni za Waziri John Michuki zilipoanza kutekelezwa, kila matatu ilitakiwa kuzungushiwa mstari wa manjano, na makanga na dereva wavae sare. Abiria aliyesimama Magongo akaweza kulitambua gari la abiria kwa mbali. Hayo ni mageuzi ya kweli. Hata hivyo, mstari ule peke yake haukufunga breki hata moja. Kazi ya kupunguza mwendo ilikuwa ya vidhibiti mwendo, na kazi ya kumkinga abiria ilikuwa ya mikanda ya viti, vyote viwili vikiwamo katika kanuni zizo hizo.

Wazungu nao wamewahi kuutamani mtambo wa mwanafunzi wetu. Mwaka 1979, katika gereza la wanamaji mjini Seattle, Marekani, chumba cha mahabusu kilipakwa waridi kwa imani ya mtafiti Alexander Schauss kwamba rangi hiyo huzima ghadhabu. Habari ikavuma, na magereza mengine yakaiga. Waliorudia majaribio hayo baadaye kwa uangalifu zaidi hawakuweza kuuthibitisha utulivu uliodaiwa. Yamkini ni rahisi kununua rangi kuliko kuuliza kilichomghadhibisha mfungwa.

Turudi nyumbani. Mwaka 2018 serikali ya Kaunti ya Mombasa, chini ya Gavana Hassan Ali Joho, iliamuru majengo ya katikati ya mji na Mji wa Kale yapakwe rangi nyeupe na kutiwa buluu. Wenye majengo walinung'unikia gharama, na wako waliouliza ni nani aliyeshauriwa. Sikatai kwamba mji ulipendeza machoni. Lakini ukuta unaotazama barabara hupakwa kwa ajili ya mpita njia. Aliye chumbani, paa likivuja, linavuja vilevile. Hiyo ndiyo ninayoiita rangi ya mtazamaji.

Sisi wa ng'ambo amri ile haikutulenga, na sidhani kwamba tulipungukiwa kwa hilo. Madhara makubwa yaliyowahi kutupata hayakuwa na rangi. Katika kijiji cha Owino Uhuru, Mikindani, jirani na Changamwe, kiwanda cha kuyeyusha betri kuukuu kilifanya kazi kati ya 2007 na 2014, na madini ya risasi yakaingia katika udongo, maji na hewa. Maji yaliyoonekana safi yalinyweka. Watoto walicheza juu ya mchanga uliofanana na mchanga mwingine wowote. Ukweli haukujulikana kwa macho, bali kwa kupimwa damu. Mwaka 2020 Mahakama ya Mazingira na Ardhi iliwapa wakazi fidia ya shilingi bilioni 1.3, na Desemba 2024 Mahakama ya Juu ikairejesha tuzo hiyo baada ya kuwa imetenguliwa katika rufaa. Ni mtambo gani wa kumulika ungeyafanya hayo? Ilibidi watu wa kawaida wadai, washitaki na wavumilie vitisho.

Msomaji asinielewe kwamba rangi ni ulaghai mtupu. Wazee wetu wa pwani walichoma matumbawe tanuuni, wakapata chokaa, wakapaka nyumba zao nyeupe. Weupe huo ulipendeza, naam, lakini pia ulifanya kazi. Uso mweupe hurudisha sehemu kubwa ya mwanga wa jua, na uso wa giza huufyonza ukawa joto. Hapa rangi imebadili hali halisi bila muujiza wowote, na anayefaidi ni aliye ndani. Hiyo ni rangi ya mkaaji.

Walimu wa sayansi wanaweza kulithibitisha jambo hili kwa gharama ndogo. Twaeni makopo mawili ya maziwa yaliyo sawa, moja lipakwe jeusi na la pili jeupe. Yajazeni maji kwa kipimo kimoja, yawekeni juani tangu saa nne hadi saa sita, kisha tieni kipimajoto. Wanafunzi wakishaandika tofauti, watoke nje walitazame paa la darasa lao, ambalo pengine ni mabati yaliyoliwa na kutu hata yakawa rangi ya kahawia, wahesabu ni madebe mangapi ya rangi nyeupe yangelitosha. Hesabu hiyo waipeleke kwenye kikao cha wazazi, kabla kamati haijaamua kupaka upya lango la shule.