Damu Inayotosha: Funzo la Tour de France kwa Mgonjwa wa Figo

Katika kliniki za figo kuna swali ambalo wahudumu hulisikia mara kwa mara. Mgonjwa anayechomwa sindano ya kuongeza damu huona wingi wa damu yake ukipanda kutoka gramu 8 kwa desilita hadi 10, kisha 11. Anaanza kupanda ngazi bila kuhema, usingizi unarejea, hamu ya chakula inarudi. Kisha, wakati anapotarajia kuendelea kupanda, daktari anapunguza dozi. Mgonjwa hushangaa: mtu mwenye afya anaweza kuwa na 14 au 15, kwa nini yeye aachwe kwenye 11? Wapo wanaodhani kwamba wanabaniwa dawa kwa sababu ya bei yake.

Swali hilo ni la haki na linastahili jibu kamili. Makala haya yanalijibu kwa kupitia historia ya mashindano ambayo wengi hawayahusishi na hospitali, yaani mbio za baiskeli za Tour de France. Dawa anayochomwa mgonjwa wa figo ndiyo ile ile iliyowahi kuzitikisa mbio hizo.

Mashindano yenyewe

Tour de France ilianzishwa mwaka 1903 na gazeti la michezo la Ufaransa, L'Auto, lililohaririwa na Henri Desgrange. Shabaha ilikuwa kuongeza mauzo ya gazeti. Mbio za kwanza zilikuwa na hatua 6 zenye jumla ya kilomita 2,428. Walianza washindani 60, wakamaliza 21, na mshindi akawa Maurice Garin. Tangu hapo mbio hizo zimefanyika kila mwaka, isipokuwa miaka ya 1915 hadi 1918 na 1940 hadi 1946, kwa sababu ya vita kuu mbili za dunia.

Siku hizi mbio huwa na hatua 21 katika muda wa siku 23, zikiwemo siku 2 za mapumziko, na urefu wake wote hukaribia kilomita 3,400. Muda ambao kila mshindani ametumia katika kila hatua hujumlishwa, na mwenye jumla ndogo kuliko wote huvaa jezi ya njano. Katika nchi tambarare washindani husafiri kwa kundi, wakikingana upepo, hivyo tofauti kati yao huwa ndogo. Tofauti kubwa hupatikana milimani, katika njia kama Tourmalet yenye kimo cha mita 2,115 na Galibier yenye mita 2,642. Huko kila mtu huubeba uzito wa mwili wake dhidi ya mwinuko, na anayeweza kupeleka oksijeni nyingi zaidi kwenye misuli yake ndiye anayewaacha wenzake.

Kazi ya figo katika kutengeneza damu

Oksijeni husafirishwa na chembe nyekundu za damu, ambazo zina hemoglobini ndani yake. Chembe hizo hutengenezwa katika uboho wa mifupa na huishi kwa takriban siku 120, kwa hiyo mwili hulazimika kutengeneza nyingine kila siku. Anayeuamuru uboho kufanya kazi hiyo ni figo. Figo hupima oksijeni inayofika kwake. Ikipungua, humwaga katika damu homoni iitwayo erithropoietini, kwa kifupi EPO. Homoni hiyo hufika kwenye uboho na kuuchochea utengeneze chembe nyekundu zaidi.

Hapa ndipo mgonjwa wa figo anapopata shida. Figo zikiharibika kwa kisukari, shinikizo la juu la damu au sababu nyingine, haziwezi tena kutoa EPO ya kutosha. Uboho unakuwa mzima lakini hauna wa kuuamuru, na damu hupungua polepole. Kwa miaka mingi wagonjwa waliosafishwa damu kwa mashine walitegemea kuongezewa damu ya watu wengine. Njia hiyo huokoa maisha, lakini ikirudiwa mara nyingi huleta hatari za maambukizi, mrundikano wa madini ya chuma mwilini, na kinga zinazoweza kuufanya mwili ukatae figo utakayopandikizwa baadaye.

Mwaka 1977 mwanasayansi wa Marekani, Eugene Goldwasser, na wenzake walifaulu kuitenga EPO safi kutoka katika mkojo wa binadamu. Mwaka 1983 jeni yake ilipatikana, na hivyo ikawezekana kuitengeneza kwa wingi maabara. Mwaka 1989 iliidhinishwa Marekani kuwa dawa ya upungufu wa damu kwa wagonjwa wa figo. Maelfu ya watu waliokuwa wakiishi kwa kuongezewa damu sasa waliweza kuitengeneza wenyewe.

Dawa ya mgonjwa yaingia mbioni

Kile kilichokuwa faraja kwa mgonjwa kikawa kishawishi kwa mwanamichezo. Ikiwa sindano inaweza kumpa mgonjwa damu aliyopungukiwa, basi inaweza pia kumpa mtu mzima damu kupita kiasi, na kwa mpanda milima kiasi hicho cha ziada kina thamani ya dakika kadhaa. Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki iliipiga marufuku EPO mwaka 1990, lakini hapakuwa na kipimo cha kuitambua hadi mwaka 2000. Katika miaka hiyo kumi marufuku ilikuwa ya maandishi tu. Bjarne Riis wa Denmark, mshindi wa Tour de France ya mwaka 1996, alikiri mwaka 2007 kwamba aliitumia.

Kwa kuwa dawa yenyewe haikuweza kupimwa, Shirikisho la Kimataifa la Mchezo wa Baiskeli mwaka 1997 liliamua kupima matokeo yake. Kipimo kilichotumika ni hematokriti, yaani asilimia ya ujazo wa damu inayochukuliwa na chembe nyekundu. Mwanamume aliyekutwa na zaidi ya asilimia 50 hakuruhusiwa kushindana kwa wiki mbili. Shirikisho lilieleza kwamba hatua hiyo ilikuwa ya kulinda afya yake na haikuwa hukumu ya udanganyifu. Nia ilikuwa njema, lakini matokeo yake yalikuwa na kasoro: wapo waliojifunza kujichoma hadi karibu na kikomo bila kukivuka.

Tarehe 8 Julai 1998, siku tatu kabla ya mbio kuanza, mhudumu wa timu ya Festina alikamatwa kwenye mpaka wa Ufaransa na Ubelgiji, gari lake likiwa na shehena ya dawa zilizopigwa marufuku, EPO ikiwa miongoni mwake. Timu nzima iliondolewa mashindanoni, polisi wakapekua hoteli, timu nyingine zikajitoa. Kati ya washindani 189 walioanza, waliofika mwisho walikuwa 96. Mwaka 2012 Lance Armstrong wa Marekani alinyang'anywa ushindi wake wote saba, wa mwaka 1999 hadi 2005, na nafasi hizo hazikupewa mtu mwingine.

Dawa ya udhibiti ilipatikana katika kufuatilia. Tangu mwaka 2008 kila mshindani wa ngazi ya juu huwekewa kumbukumbu ya vipimo vya damu yake kwa miaka mingi, iitwayo pasipoti ya kibiolojia. Katika wiki tatu za mbio, hemoglobini ya mtu ambaye hakutumia dawa kwa kawaida hushuka kidogo, kwa sababu maji ya damu huongezeka kutokana na mazoezi mazito. Yule ambaye damu yake haishuki, au inapanda, huulizwa sababu.

Hatari ya damu nzito

Damu ni chembe na maji. Chembe zikizidi, damu huwa nzito, na kadiri inavyokuwa nzito ndivyo moyo unavyolazimika kutumia nguvu zaidi kuisukuma. Mpanda baiskeli akipoteza maji kwa jasho, damu huzidi kuwa nzito. Damu nzito huganda kwa urahisi katika mishipa, na bonge likiziba mshipa wa ubongo huleta kiharusi, likiziba wa moyo huleta shambulio la moyo, likiziba wa pafu huweza kuua ghafla. Mbali na hayo, EPO yenyewe huweza kupandisha shinikizo la damu.

Sasa turejee kliniki. Mgonjwa wa figo mara nyingi tayari ana shinikizo la juu, mishipa iliyokakamaa, na wakati mwingine kisukari. Ikiwa damu nzito ni hatari kwa kijana mwenye moyo wa mwanamichezo, je, kwake itakuwaje? Kwa muda fulani madaktari waliamini kwamba kuifikisha hemoglobini kwenye kiwango cha mtu mwenye afya kungemfaa zaidi. Imani hiyo ilipimwa.

Utafiti uitwao CHOIR, uliochapishwa mwaka 2006, uliwagawa wagonjwa wa figo 1,432 nchini Marekani katika makundi mawili. Kundi moja lililengwa kufikishwa hemoglobini ya gramu 13.5, jingine 11.3. Waliokufa, waliopata shambulio la moyo au kiharusi, au waliolazwa kwa moyo kushindwa kufanya kazi walikuwa 125 katika kundi la juu, na 97 katika kundi la chini. Utafiti mwingine, TREAT, wa mwaka 2009, uliwahusisha wagonjwa 4,038 wenye kisukari na ugonjwa wa figo. Walioelekezwa kwenye gramu 13 kwa dawa ya jamii ya EPO waliopata kiharusi walikuwa 101. Katika kundi la kulinganisha walikuwa 53.

Hilo ndilo jibu la swali la mgonjwa. Mwongozo wa kimataifa wa KDIGO wa mwaka 2012 unashauri kwamba kwa kawaida dawa hizi zisitumike kuiweka hemoglobini ya mtu mzima juu ya gramu 11.5, na kwamba isipandishwe kwa makusudi kupita 13. Daktari anayepunguza dozi kwenye 11 anamkinga mgonjwa na kiharusi.

Tafuta chanzo kwanza

Historia ya mbio hizi ina funzo la pili, nalo linaihusu Afrika Mashariki moja kwa moja. Chris Froome, aliyezaliwa Nairobi mwaka 1985 na kuanza mchezo huu nchini Kenya, aligunduliwa mwaka 2010 kuwa na kichocho. Alitibiwa kwa prazikwanteli, na baadaye akaishinda Tour de France kwa niaba ya Uingereza mwaka 2013, 2015, 2016 na 2017. Mwanamichezo anayepimwa na wataalamu kila wakati aliweza kuishi na vimelea hivyo bila kujulikana. Mkulima wa mpunga au mvuvi wa ziwani anaweza kuishi navyo muda mrefu zaidi.

Kichocho hupoteza damu kupitia mkojo au choo, na kichocho cha mkojo kisipotibiwa kinaweza kuziba njia ya mkojo na hatimaye kuharibu figo. Kwa hiyo si kila upungufu wa damu kwa mgonjwa wa figo hutokana na kukosa EPO. Kichocho, minyoo ya safura, malaria, vidonda vya tumbo, hedhi nzito na upungufu wa madini ya chuma vyote huweza kuwapo kwa pamoja. Uboho ukiamriwa na EPO kutengeneza chembe ilhali hakuna chuma, utakuwa kama fundi aliyeagizwa kujenga bila matofali.

Mambo ya kuzingatia

Kwa mhudumu wa afya: kabla ya kuanza EPO, pima akiba ya chuma, tafuta chanzo kingine cha upungufu wa damu, na hakikisha shinikizo la damu limedhibitiwa. Pima hemoglobini mara kwa mara na uandike matokeo kwa mfululizo, kwa kuwa kasi ya kupanda ina maana sawa na kiwango chenyewe. Hifadhi dawa katika nyuzijoto 2 hadi 8, isigande wala kutikiswa. Mweleze mgonjwa lengo lake tangu siku ya kwanza, ili siku dozi itakapopunguzwa asihisi kwamba amenyimwa.

Kwa mgonjwa: tunza daftari la vipimo vyako na uje nalo kila mara. Usinunue sindano hii kwa siri wala kujiongezea dozi, na usimpe mtu mwingine, hata kama ni mwanamichezo anayetaka nguvu. Nenda hospitali mara moja ukipata maumivu makali ya kichwa, kifua kubana, kuhema ghafla, degedege, ganzi au udhaifu wa upande mmoja, au mguu mmoja kuvimba na kuuma. Ukiwa na tundu la mshipa la kusafishia damu, ligusie kila siku. Mtetemo wake ukitoweka, huenda damu imeganda, na matibabu hayapaswi kusubiri kesho.

Mpanda baiskeli aliyejichoma EPO alitaka damu nyingi kuliko aliyohitaji, na mgonjwa huitaka kwa sababu amepungukiwa kweli. Wote wawili dawa huwatendea kwa kanuni ile ile: hufaa hadi mahali fulani, kisha hugeuka kuwa mzigo kwa moyo na mishipa. Kazi ya kliniki ni kupatambua mahali hapo kwa kila mgonjwa na kumweka hapo, akiwa na damu inayotosha kufanya kazi zake na kuishi na jamaa zake.