Wavu Mdogo Juu ya Bomba la Choo

Ndugu msomaji, leo twakuomba utoke nje, uende nyuma ya nyumba, ukakitazame choo chako. Usiingie ndani. Simama hatua chache, kisha inua macho mpaka kwenye ncha ya lile bomba la hewa linalopita juu ya paa. Je, pana wavu pale? Na kama upo, ni mzima? Tunajua wengi watajibu, "Sijui, sijapatazama tangu fundi aondoke." Ndiyo sababu tunaandika habari hii.

Wazee wa Tanzania wanaikumbuka kampeni ya Mtu ni Afya, mwaka 1973. Watu kama milioni 2 walikutana katika vikundi, wakasikiliza redio, wakasomeana vijitabu, kisha wakatoka kwenda kufanya kazi kwa mikono yao: kufyeka nyasi, kusafisha visima, kuchimba vyoo. Kazi ya kuchimba tulijifunza vizuri. Kazi ya kukitunza choo kikisha kuchimbwa, hiyo bado.

Choo chenye bomba la hewa asili yake ni Zimbabwe. Mwanzoni mwa miaka ya 1970, nchi hiyo ilipokuwa bado ikiitwa Rhodesia, mtaalamu mmoja jina lake Peter Morgan na wenzake wa maabara ya Blair walikuwa wakitafuta dawa ya mambo mawili yanayowafanya watu wakichukie choo cha shimo, yaani harufu na nzi. Wakaweka bomba refu litokalo shimoni mpaka juu ya paa, na mdomoni mwa bomba wakafunga wavu. Basi. Watu wa huko hukiita choo hicho Blair, kwa jina la maabara yenyewe. Mwaka 2013 Morgan alipewa Tuzo ya Maji ya Stockholm, ambayo ni heshima kubwa sana kwa watu wanaoshughulika na maji na usafi.

Walipotaka kuhakikisha kwamba jambo hili ni kweli, walihesabu nzi. Walichukua vyoo vya namna moja, kimoja hakina bomba, kingine kina bomba lenye wavu. Kwa muda wa siku 78 walinasa nzi waliotoka. Katika choo kisicho na bomba walipata nzi 13,953. Katika choo chenye bomba na wavu walipata 146. Hebu piga hesabu pamoja na watoto wako wa shule: choo cha kwanza kilitoa nzi karibu 180 kila siku, na cha pili hakikufikisha hata wawili.

Sasa, mama, fikiri nzi hao 180 wanakwenda wapi. Jiko liko pale, uji wa mtoto umepoa katika kikombe, sahani zimeanikwa. Nzi hanawi miguu. Ametoka shimoni, anatua juu ya uji, na mtoto anakunywa. Ndivyo kuhara kunavyoingia nyumbani, na kuhara damu, na homa ya matumbo. Mtu mzima huenda akaugua siku tatu akapona. Mtoto wa mwaka mmoja maji humwishia mwilini upesi, na pengine zahanati iko mbali. Tena nzi hajui mpaka wa shamba. Aliyezaliwa katika choo chako anaweza kula kwa jirani.

Lakini wavu mdogo namna ile wawezaje kufanya kazi kubwa hivi? Upepo ukipita juu ya mdomo wa bomba huivuta hewa ya shimoni ipande juu. Hewa nyingine safi huingia kwa mlango wa choo, hushuka katika tundu, na kuishika njia ile ile. Ndiyo maana choo kizuri cha namna hii hakinuki ndani. Harufu yote huchukuliwa juu na kupeperushwa. Nzi wa nje huifuata harufu mpaka kwenye ncha ya bomba, wakakuta wavu, wasiingie. Na nzi waliokwisha kuzaliwa shimoni, je? Hao hupenda mwanga. Wakitazama kutoka gizani wanaona nuru moja tu, kule juu ya bomba, wanaikimbilia. Wavu unawazuia, wanahangaika pale mpaka wanakufa na kuangukia shimoni tena.

Kwa hiyo ni lazima kibanda chenyewe kiwe na kiza kidogo. Ukitoboa dirisha kubwa ukutani, au ukiacha mlango wazi mchana kutwa, nzi watauona mwanga huo nao watatokea kwa tundu, wasijali bomba lako. Kadhalika tundu lisizibwe kabisa kwa kifuniko, maana hewa itakosa pa kupita. Watu wengi hili huwashangaza, kwani tangu zamani tumefundishwa kufunika tundu la choo. Kwa choo kisicho na bomba, ndiyo, funika. Kwa choo chenye bomba, kifuniko chake ni ule wavu wa juu.

Hapa ndipo twaona makosa mengi vijijini. Fundi, kwa nia njema, anaogopa mvua isiingie katika bomba, basi anavika kofia ya bati, au anapachika kiungo kilichopinda kama shingo ya bata. Mvua inayoingia kwa bomba ni kidogo tu, haidhuru. Lakini kofia ile inazuia upepo na mwanga, na mambo yote mawili yamepotea. Fedha ya bomba imetupwa bure! Ukiikuta kofia kwako, iondoe, ufunge wavu mahali pake.

Kosa jingine ni kufunga kipande cha chandarua. Jua humla chandarua upesi, kikawa kama karatasi, kikapasuka kwa upepo wa kwanza. Chandarua kazi yake ni kitandani.

Wavu wa kununua ni ule wa madirisha, unaouzwa kwa mita katika maduka ya vifaa vya ujenzi. Matundu yake yawe na upana wa milimita 1.2 hadi 1.5. Yakiwa makubwa zaidi, nzi watapita; yakiwa madogo mno, hewa itashindwa. Angalia pia umetengenezwa kwa nini. Wavu wa waya wa kawaida hula kutu upesi kwa sababu ya hewa kali itokayo shimoni, nawe utarudi dukani kabla hujasahau bei. Afadhali wavu wa alumini, au ule wa nyuzi za kioo zilizopakwa plastiki, ambao hudumu miaka kadhaa. Ule wa chuma kisichoshika kutu ndio bora kuliko yote, ila bei yake ni kubwa. Kipande cha sentimita 30 kwa 30 chatosha bomba la kawaida. Kipande cha mita moja kwa mita moja chatoa vipande 9, na hapo jumuiya ndogo ndogo inaweza kununua pamoja, kila nyumba ikatoa fungu lake.

Siku ya kazi iwe ya kiangazi, asubuhi kabla jua halijawa kali. Sisi twapendekeza majuma ya karibu na Sikukuu ya Watakatifu Petro na Paulo, tarehe 29 Juni, kwa kuwa masika yamekwisha na ni rahisi kuikumbuka kila mwaka. Watangazie watu wa nyumbani kwamba choo hakitumiki kwa saa moja. Tafuta ngazi imara, na mtu wa kuishika. Ngazi iegemee ukuta, kamwe isiegemee bomba, kwa maana bomba la plastiki likivunjika utakuwa umekwenda kutafuta wavu ukarudi na hasara mbili. Baba mwenye umri mkubwa asipande; vijana wapo.

Ondoa wavu wa zamani pamoja na waya wake wote. Kabla ya kufunga mpya, mwaga ndoo moja ya maji ndani ya bomba kutoka juu. Buibui hupenda sana kujenga humo, na nyumba zake zikizidi huiziba hewa. Kisha weka wavu mpya juu ya mdomo wa bomba, uwe umenyooka, kingo zake uzikunje zishuke pande zote kiasi cha sentimita saba. Zungusha waya usioshika kutu mara mbili, kaza kwa koleo, kata mikia ya waya isije ikamchoma mtu. Pitisha kidole kuzunguka bomba: mahali popote kidole kinapoingia, nzi ataingia. Kama bomba lako limejengwa kwa matofali, wavu wake hushikwa kwa saruji. Pasua saruji ya zamani polepole kwa patasi, tandika wavu, upake saruji mpya kwenye kingo tu.

Ukiwa bado juu, tazama mambo mengine mawili. La kwanza, urefu wa bomba. Ncha yake ipite sehemu ya juu kabisa ya paa kwa nusu mita au zaidi, na matawi ya mwembe yasiukinge upepo. La pili, kama bomba linatokeza katikati ya bati, chungulia pale linapopita. Mara nyingi lami iliyopakwa imepasuka kwa jua, na maji yanapenya mpaka kwenye mbao. Kwangua, kausha, paka upya.

Mkisha kushuka, nawa mikono kwa sabuni, kisha jaribu kazi yenu. Washa nyasi kidogo, zizime zibaki zikifuka moshi, uzishike karibu na tundu ndani ya choo. Moshi ukivutwa kushuka shimoni, bomba linafanya kazi. Ukipanda usoni mwako, kuna kizuizi mahali fulani.

Mbu ni habari nyingine, tusije tukasema wavu ni dawa ya yote. Mbu wa vyoo vyenye maji hawavutwi sana na mwanga kama nzi, na wengi watatoka kwa tundu. Huko Makunduchi, Zanzibar, mwishoni mwa miaka ya 1980, wataalamu walimwaga chembe nyepesi za plastiki nyeupe, zile zinazoelea, juu ya maji ya mashimo ya vyoo, mbu wakakosa pa kutagia, wakapungua sana. Walifanya hivyo kwa ajili ya ugonjwa wa matende. Kwa wenye choo kikavu, shida hiyo ni ndogo.

Na shimo likijaa mpaka kubaki nusu mita chini ya sakafu, choo hicho kimemaliza kazi yake. Shimo lifukiwe kwa udongo, lichimbwe jingine. Lakini bomba usiliache pale likipigwa na jua. Ling'oe, lioshe, lihamie choo kipya pamoja na wavu wake, kama wavu ungali mzima.