Ushirika mbele ya hakimu (2): Nani alikupa mamlaka?

Katika sehemu ya kwanza tuliisoma sheria ya Burundi ya 2017 kuhusu vyama vya ushirika. Limebaki swali ambalo wakulima wa kahawa wa Mutaho wana haki ya kuliuliza: serikali ikiuamulia ushirika jambo ambalo wanachama hawalitaki, mahakama itawasaidia?

Itawasaidia mara chache, tena kwa hoja ambayo mkulima mwenyewe hakuiwazia.

Tuanzie Kilimanjaro. Mwaka 1925 Wachaga waliunda chama chao cha wakulima wa kahawa, KNPA, ambacho Joseph Merinyo alikuwa miongoni mwa viongozi wake. Wakoloni hawakukifurahia chama chenye sauti kiasi kile. Sheria ya ushirika ikapitishwa 1932, na mwaka uliofuata KNPA ikageuzwa chama cha ushirika, KNCU, ikiwa na meneja Mwingereza. Kisha ikatolewa kanuni kwa jina la machifu: kahawa yote ya Mchaga iuzwe kupitia KNCU. Bei zilipoanguka, waliokuwa na kinyongo walikwenda mahakamani. Huko hawakuweza kulalamikia bei, maana hakimu hapangi bei ya kahawa. Walilazimika kuhoji kama machifu walikuwa na uwezo wa kisheria wa kutoa amri ile. Walishindwa. Mwaka 1937 maghala ya ushirika yakavamiwa.

Mimi sidhani hakimu ndiye wa kulaumiwa hapo. Kosa lilitangulia kesi: mtu aliingizwa kwa amri katika chama ambacho, kwa asili yake, huingiwa kwa hiari. Hata leo kanuni ya kwanza ya ushirika duniani ni uanachama wa hiari, na ya nne ni uhuru wa chama kujitawala.

Tanzania ilipovunja vyama vikuu vya ushirika mwaka 1976, mkulima hakuwa hata na pa kushika. Haki za binadamu ziliingizwa kwenye katiba mwaka 1984, na mahakama zikaanza kuzisimamia 1988. Vyama vyenyewe vilirudi kwa sheria ya 1982. Bunge ndilo lililovirudisha, hakimu hakuhusika.

Kesi inayofundisha kuliko zote imetoka India. Mwaka 2011 bunge la huko lilibadilisha katiba kwa mara ya 97 na kuvipangia vyama vya ushirika mambo mengi: wajumbe wa bodi wasizidi 21, muda wao uwe miaka 5, hesabu zikaguliwe. Ukiyasoma utasema ni mambo mema, na mengi ni mema kweli. Lakini ushirika India ni kazi ya majimbo, na mabadiliko yanayogusa mamlaka yao huhitaji kuridhiwa na angalau nusu ya mabunge ya majimbo. Hilo halikufanyika. Mahakama Kuu ya Gujarat iliyatengua mwaka 2013, na tarehe 20 Julai 2021 Mahakama ya Juu ikakubaliana nayo, isipokuwa kwa vyama vinavyofanya kazi katika zaidi ya jimbo moja. Majaji hawakusema bodi ya watu 21 ni mbaya. Waliuliza: nani alikupa mamlaka, na ulipita njia ipi?

Sasa turudi kwetu. Mwaka 2019 serikali ilianza kuvipa vyama vya ushirika vya Sangwe faranga milioni 10 kwa kila kilima. Fedha za umma lazima zikaguliwe, na anayepinga ukaguzi huo atapoteza kesi yake bure. Ila kukagua ruzuku ni jambo moja, na kumchagulia mwanachama kiongozi ni jingine. ANACOOP, wakala wa kusimamia vyama hivi, ina uwezo ule tu iliopewa na maandishi ya sheria. Hapo ndipo wakili atakapochimba.

Milango ipo. Uamuzi wa ofisa hupingwa kwenye mahakama ya utawala, na Gitega ina yake. Sheria yenyewe hupelekwa Mahakama ya Katiba. Upo pia mlango wa Arusha, kwenye Mahakama ya Afrika Mashariki, ambako ibara ya 30 ya Mkataba wa Jumuiya ya Afrika Mashariki humruhusu mkazi yeyote wa nchi mwanachama kuhoji sheria au uamuzi wa serikali. Waandishi wa habari wa Burundi waliutumia dhidi ya sheria ya habari ya 2013, na mwezi Mei 2015 mahakama ikaona baadhi ya vifungu vyake vinakiuka Mkataba.

Arusha lakini haina subira. Muda ni miezi 2 tangu sheria itungwe au uamuzi utolewe, au tangu mlalamikaji apate habari zake, na mwaka 2013 mahakama hiyo ilikataa kuurefusha. Kwa hiyo barua ya uamuzi ikifika ofisini kwa chama, katibu aipige muhuri wenye tarehe siku hiyo hiyo, kisha mkutano mkuu uitishwe na muhtasari wake utamke wazi kwamba wanachama wameamua kushtaki. Nani hasa atie saini hati ya madai, na gharama zitoke mfuko gani, tutaeleza katika sehemu ya tatu.