Upepo Kwenye Klachi: Hitilafu Ndogo Katika Milima ya Rungwe

Barabara itokayo Uyole na kupita Kiwira hushuka kutoka Tukuyu, mji ulio takribani mita 1,600 juu ya usawa wa bahari, hadi Kyela karibu na Ziwa Nyasa, penye mita 500 hivi, na gari lililosheheni ndizi au viazi haliwezi kuipita bila dereva kubadili gia mara kwa mara, kiasi kwamba klachi mbovu, ambayo kwingine ingekuwa kero tu, huku huwa hatari.

Katika klachi inayotumia mafuta, pedeli husukuma pistoni ya masta ya juu, nayo husukuma mafuta ya breki kupitia paipu nyembamba hadi masta ya chini kwenye giaboksi, inayosogeza uma wa kuachanisha pleti na injini. Mafuta hayashindiliki, upepo hushindilika. Mapovu yakiwamo, sehemu ya nguvu ya mguu huishia kuyabana, pedeli hulegea, pleti haiachani sawasawa na gia hukwaruza au hugoma. Dereva akipampu gia huingia, na nafuu hiyo ndiyo humfanya aahirishe kwenda gereji. Gari linalonguruma mlimani bila kuongeza mwendo lina ugonjwa mwingine: pleti imekwisha, na kutoa upepo hakutasaidia kitu.

Kutoa upepo ni kazi ya watu wawili. Mmoja hukanyaga pedeli taratibu na kuishikilia chini. Mwenzake hulegeza nipeli ya masta ya chini, iliyovishwa mpira mwangavu uliozamishwa kwenye chupa yenye mafuta, kisha huikaza kabla pedeli haijaachiwa, kwani ikiachiwa mapema mfumo hufyonza upepo upya. Hurudia hivyo, wakiongeza mafuta ili kopo la akiba lililo juu ya masta lisikauke, hadi mapovu yakome.

Lakini upepo haujizalishi wenyewe, na fundi asiyetafuta ulipopenyea amefanya nusu ya kazi. Mwinuko wa Tukuyu hauna hatia, ingawa povu lililokwisha kuingia huwa kubwa kidogo huko kuliko Kyela, kwa kuwa kanieneo ya hewa ni ndogo. Wa kushukiwa zaidi ni unyevu, maana Rungwe ni miongoni mwa maeneo yenye mvua nyingi nchini, na mafuta ya DOT 3 na DOT 4 hunyonya maji kutoka hewani, yakaleta kutu inayokwaruza silinda na kula raba za pistoni; ndiyo maana mkebe uliokaa wazi haufai tena. Oili ya injini ni mbaya zaidi, kwani huvimbisha raba hizo.

Baadhi ya magari hutumia kopo moja kwa breki na klachi, na kwa kuwa tundu la klachi kwa kawaida huwa juu zaidi, mafuta yakipungua klachi ndiyo hulegea kwanza. Kwa hiyo klachi ikilegea, dereva wa gari la aina hiyo hana budi kukagua breki kabla ya kuanza kushuka kuelekea Kyela.