Babu Yake Angegeuka Kutazama Nyuma

“Jamani tuwe waungwana, wa mlangoni sogeeni ndani!” Konda alikuwa amening’inia mlangoni mwa daladala ya Gongo la Mboto, noti amezikunja katikati ya vidole, na hakuna aliyesogea kwa sababu hapakuwa na pa kusogea. Bibi mmoja niliyebanana naye kwenye siti, mtu wa Kilwa kwa lafudhi yake, akacheka peke yake.

“Waungwana!” akaniambia nilipomtazama. “Mjukuu wangu, babu yangu angelisikia hilo angegeuka kutazama nyuma, aone anayeitwa ni nani.”

Akashuka Ukonga kabla sijamdodosa, nami nikafika na neno lile hadi nyumbani. Uungwana kwetu leo ni nini? Ni kumpisha mjamzito kwenye kiti, kuomba radhi, kulipa deni bila kufuatwafuatwa. Ni tabia tu, na tabia haichagui mtu: konda anaweza kuwa nayo, waziri akaikosa. Lakini babu wa bibi yule, kama nilimwelewa vizuri, alizaliwa wakati watu walikuwa bado mali ya watu, na neno hilo alilijua kwa maana isiyogusa tabia hata kidogo. Muungwana alikuwa mtu asiye mtumwa. Basi. Ungeweza kuwa mlevi, dhalimu na mfitini, ukabaki muungwana. Ungeweza pia kuwa mpole kama maji ya mtungini, na usiitwe hivyo hata siku moja.

Katika miji ya mawe ya pwani, Lamu, Mombasa, Kilwa, neno hilo lilisimama juu ya ngazi ndefu yenye maneno mengine chini yake. Palikuwa na mtumwa aliyetolewa bara, na mzalia, yaani mtumwa aliyezaliwa hapohapo pwani na kukulia katika lugha na dini ya mabwana zake. Palikuwa na suria, na hadimu aliyeachwa huru, na mjoli, mtumwa mwenzako chini ya bwana mmoja. Maneno haya yalishikana mikono. Ukimwondoa mtumwa, muungwana hana anayemzidi.

Na mtumwa akaondolewa, ingawa polepole mno. Soko la watumwa la Unguja lilifungwa mwaka 1873, utumwa wenyewe ukafutwa kisheria Unguja na Pemba mwaka 1897, pwani ya Kenya mwaka 1907, na Tanganyika ikangoja mpaka 1922. Hakuna kikao kilichokaa kubadilisha maana ya neno muungwana. Ukuta ulioliegemeza ulibomolewa, na watu waliokuwa upande wa pili wakaliokota neno kwenye kifusi wakaanza kulitumia. Kamusi ya Frederick Johnson ya mwaka 1939 iliziweka maana zote mbili ubavu kwa ubavu: mtu huru, na mtu mwenye adabu na malezi mema. Aliyeifungua mwaka ule angeweza bado kumkuta mtaani mzee aliyewahi kuwa mtumwa, akamuuliza ipi ni ya kweli.

Mjoli hakupata bahati hiyo. Leo ukitaka kumwona nenda kwenye Biblia, Mathayo sura ya 18, katika mfano wa mtumwa aliyesamehewa deni kubwa akamkaba koo mwenzake kwa deni dogo. Wakristo wengi wanaisoma sura hiyo na wengi wao, nadhani, hupita hapo wakidhani mjoli ni rafiki.

Aliyefanikiwa kuliko wote ni kibarua. Mwanzo wake ni barua ndogo tu, kijikaratasi alichopewa mfanyakazi wa kutwa. Katika Unguja ya karne ya 19 waliokwenda kutafuta kazi za namna hiyo mjini, kubeba mizigo bandarini na kusafisha karafuu, wengi walikuwa watumwa ambao mabwana zao waliwaruhusu wajipangishe kisha wagawane ujira. Kikaratasi kikawa jina la mtu, mtu akawa jina la kazi yake, na kazi ikaenea kuwa kazi yoyote inayokulisha. Mkurugenzi wa benki akifukuzwa, mtaani tunasema kibarua chake kimeota nyasi. Hatumtukani. Tumemvisha tu, bila yeye kujua, nguo ya mchukuzi wa bandarini.

Kilichonishangaza zaidi nilipoanza kufuatilia neno la konda ni kwamba hata wakati ule wa utumwa lilikuwa linabadilika kwa kutembea. Misafara iliyotoka Bagamoyo ilipita Tabora, ikafika Ujiji, ikavuka ziwa kwenda Manyema, kule ambako Tippu Tip alijijengea himaya akiwa na makao Kasongo. Ndani ya misafara hiyo walikuwamo wapagazi na askari ambao pwani wangehesabiwa watumwa. Bara walijiita waungwana. Walivaa kanzu, walisema Kiswahili, walibeba bunduki, na wenyeji waliojiunga nao wakajitwalia jina hilohilo. Mtu yuleyule aliyeondoka pwani akiwa mtumwa aliingia Kasongo akiwa muungwana, na hakuna aliyesema uongo: hadhi yake ilihesabiwa dhidi ya watu wengine. Msafiri Stanley naye katika maandishi yake aliwaita wapagazi wake wa Unguja kwa jina hilo. Jina likaganda hadi kwenye lugha. Kiswahili cha mashariki ya Kongo kilikuja kuitwa Kingwana, lugha ya waungwana, na waliokieneza wengi wao babu yake bibi wa Kilwa angewaita wenzake.

Waungwana wenyewe wa pwani walikuwa na shida nyingine. Sayyid Said, sultani wa Omani, alipohamishia makao yake Unguja, walijikuta wana mabwana juu yao. Wanahistoria wa pwani, Randall Pouwels mmojawapo, wameonyesha jinsi uungwana ulivyopishana na neno jipya, ustaarabu, ambalo ukilichana utaona shina lake: kuwa kama Mwarabu. Aliyetaka kuonekana mtu wa maana alibadilisha kilemba, namna ya kuzungumza, hata nasaba. Leo mwanafunzi wa sekondari anaandika bila kigugumizi juu ya ustaarabu wa Misri ya kale, wenye piramidi zilizojengwa zaidi ya miaka 3,000 kabla Waarabu hawajaitwaa nchi hiyo. Mwarabu ametoweka ndani ya neno lake mwenyewe. Mwalimu atakayemkata alama mwanafunzi huyo kwa sababu ya shina la neno atakuwa anajua Kiarabu kuliko anavyojua Kiswahili.

Kuna watu, nami niliwahi kuwa mmoja wao, wanaoamini kwamba ukilijua shina la neno umeishika maana yake ya kweli na waliobaki wanababaisha. Mwanafalsafa Ludwig Wittgenstein, ambaye kitabu chake kikubwa cha uzeeni kilitoka mwaka 1953, miaka miwili baada ya kufa kwake, alipambana na fikra za namna hiyo. Kwake maana ya neno, mara nyingi, ni matumizi yake, na alipenda kulifananisha neno na kete ya sataranji. Angekaa barazani Unguja angepata mfano mkali zaidi. Kete ya sataranji ina umbo: farasi ni farasi hata ukimtia mfukoni. Katika bao la Kiswahili kuna mashimo 32 na kete 64, zote komwe, zote sawa. Ukiokota moja iliyodondoka chini huwezi kusema ilikuwa inalinda nyumba au ilikuwa inasubiri kuliwa. Shimo ilimokaa, na majirani zake, ndivyo vilivyoipa uzito.

Sheria yetu inalijua jambo hili, pengine kuliko walimu wa lugha. Kifungu cha 89 cha Kanuni ya Adhabu ya Tanzania kinamtia hatiani anayemtolea mwenzake lugha ya matusi, lakini hakina orodha ya matusi. Kinauliza kama maneno yametolewa kwa namna inayoelekea kuvunja amani. Chukua mshenzi. Watu wa pwani walilitumia kwa wote wa bara, wale wasiokuwa wa mji wala wa dini. Mwite hivyo jirani unayegombana naye mpaka wa kiwanja, mbele ya wanawe, na huenda mkaonana mahakamani. Mwite hivyo rafiki wa utotoni aliyekusimulia kisa cha mkwewe kuteleza msalani, na utakuwa umemsifu. Hakimu hawezi kulipima neno kwenye mizani peke yake. Lazima amwulize shahidi uso wa msemaji ulikuwaje, na nani alikuwepo.

Umbali nao hufanya kazi kama uso. Mtanzania anayefika Bukavu akaambiwa na mwenyeji wake kwamba bibi anapika, atajiandaa kumwamkia kikongwe, kisha atatokea mwanamke wa miaka 30 na sinia. Kule bibi ni mke. Kwa Wakenya wengi wa bara pia ni mke, na mama wa mama yako ni nyanya, tamko linalomfanya Mtanzania afikirie kachumbari. Tunawacheka, tukisahau kwamba maana yao tunayo ndani ya nyumba. Harusini tunamwita bibi harusi na hatutazamii mkongojo. Halmashauri inamtuma kijijini bibi shamba aliyemaliza chuo mwaka jana, na hakuna mkulima anayemuuliza ana wajukuu wangapi. Neno bibi limebeba mke, bimkubwa, mtaalamu na mama wa mzazi kwa pamoja, na masikio yetu huchagua moja kabla hatujajua kwamba kulikuwa na uchaguzi.

Lakini neno ninalolionea huruma kuliko yote ni ndugu. Lilianza tumboni: aliyetoka tumbo moja nawe, kisha ukoo. Siasa ikalichukua. Chini ya ukoloni wakubwa walikuwa mabwana, Bwana DC na Bwana Shauri, na TANU ilipotaka watu wasimame sawa ikalileta neno la nyumbani hadi ofisini. Ahadi ya kwanza ya mwanachama wake iliwataja binadamu wote kuwa ndugu. Baada ya Azimio la Arusha, Februari 1967, rais alikuwa ndugu, katibu kata ndugu, mfagizi ndugu. Nguvu ya neno hilo ilitokana na lile lililokataliwa. Kumwita waziri ndugu kulikuwa na ladha kwa sababu kila aliyekuwa chumbani alimkumbuka bwana.

Kisha mambo yakageuka. Mwaka 1991 CCM, katika maamuzi yaliyokuja kuitwa Azimio la Zanzibar, iliwalegezea viongozi wake masharti ya Arusha kuhusu hisa, nyumba za kupangisha na mishahara miwili. Mwaka uliofuata vyama vingi vikarudi. Hapo katikati mheshimiwa alikuwa anapanda ngazi. Siku hizi ni mbunge, ni diwani, ni mwenyekiti wa mtaa, ni yeyote mwenye gari la vioo vyeusi. Ndugu hakufutwa, ila mwenzake aliyempa maana alikuwa amebadilika, naye akateremka. Kwenye vikao vya chama bado anaheshimika. Kwenye orodha za ofisi amekatwa akawa Ndg., neno lisilo na irabu hata moja. Na barua inayokuarifu kwamba kibarua chako kimeota nyasi, nayo mara nyingi huanza hivyo: Ndugu. Mwandishi wa barua hana ubaya. Anahitaji tu neno la kukuita ambalo halimdai kitu.

Ongeza herufi chache, “ndugu yangu”, na joto linarudi, wakati mwingine kupita kiasi. Simu ya tarehe 25 ikianza na ndugu yangu, ujue umeshaombwa hela. Ndivyo alivyoanza rafiki yangu mmoja wa Mbeya mwezi uliopita. Mtoto wake alikuwa amerudishwa nyumbani kwa ajili ya mchango wa shule, shilingi elfu ishirini, angenirudishia wiki ijayo. Nilimwambia asubiri dakika mbili. Nikaingiza namba yake, nikaingiza kiasi, nikaweka namba ya siri, na jibu likaja papo hapo: “Ndugu mteja, huna salio la kutosha.”

Nikampigia kumweleza ukweli, kwamba hata mimi mfuko umetoboka mpaka mshahara uingie. Akanyamaza kidogo.

“Sawa, mheshimiwa,” akasema, na akakata.