Maharage ya Wiki Nzima

Nusu kilo ya maharage na kilo mbili hukaa motoni kwa muda unaokaribiana. Mpishi anayebandika sufuria ndogo Jumatatu, nyingine Jumatano na nyingine Ijumaa anachoma mkaa mara tatu kwa mboga ile ile. Jijini Nairobi wapo kina mama waliogeuza hesabu hiyo kuwa biashara: huchemsha sufuria kubwa na kuuza maharagwe yaliyokwisha kuiva, mnunuzi akaunge mwenyewe nyumbani. Kwa mwenye friza, kazi hiyo inawezekana jikoni kwake.

Mambo huanza sokoni. Maharage yaliyokaa ghalani muda mrefu, kwenye joto na unyevu, hugoma kulainika hata yachemke mchana kutwa. Ukiyachanganya na mapya, mapya yatarojeka huku ya zamani yangali yanagonga jino. Aina nazo zisichanganywe, maana ya njano huwahi kuiva kuliko mekundu.

Yakishachambuliwa kwenye ungo na kuoshwa, yalowekwe usiku kucha katika maji mengi yenye kijiko kimoja cha chumvi kwa kila lita. Wengi wameambiwa tangu utotoni kwamba chumvi hukomaza maharage. Sivyo. Ganda la harage hushikiliwa na madini ya kalsiamu na magnesi. Sodiamu ya kwenye chumvi huchukua nafasi yao na ganda hulegea. Kwa sababu hiyo hiyo, maji ya kisima yenye chokaa nyingi huchelewesha kuiva. Asubuhi maji ya kulowekea yamwagwe, yaende na sehemu ya sukari zinazojaza tumbo gesi.

Maharage mabichi, hasa mekundu, yana sumu aina ya lektini inayoleta kichefuchefu na kutapika. Moto wa kuchemka sawasawa kwa dakika 10 au zaidi huimaliza. Moto wa uvuguvugu hauiwezi. Baada ya hapo moto upunguzwe, yatokote taratibu. Mbeya, ambako maharage hulimwa kwa wingi, iko mita 1,700 hivi juu ya usawa wa bahari, na huko maji huchemka kwenye nyuzi 94 au 95 badala ya 100 za Dar es Salaam. Mpishi wa huko atasubiri zaidi, labda awe na sufuria ya presha, inayofikisha nyuzi 120 hivi.

Magadi huharakisha, ni kweli, lakini hupunguza vitamini B1, na yakizidi mboga huonja kama sabuni. Bora yaachwe.

Nyanya, ndimu na ukwaju visubiri. Uchachu hukaza harage ambalo halijaiva, kwa hiyo kuunga ni kwa maharage yanayopondeka kwa vidole viwili. Mafuta yapate moto, kitunguu kikaangwe mpaka kiwe rangi ya kahawia, kifuate kitunguu saumu na tangawizi, kisha binzari. Nyanya ziive hadi mafuta yajitenge pembeni ya sufuria. Akiwa na haraka hapa mpishi atapata rojo yenye ukali wa nyanya mbichi. Maharage yaingie na maji yake, na upawa mmoja upondwe kwa mwiko ili mchuzi uwe mzito.

Yatakayoliwa leo yapate tui, jepesi kwanza, zito mwishoni, huku yakikorogwa tui lisikatike. Ya kuhifadhi yasitiwe nazi, kwa kuwa tui likiganda na kuyeyuka hujitenga. Sufuria kubwa huhifadhi joto kwa saa nyingi, na bakteria hupenda hivyo. Yagawanywe upesi kwenye vyombo vifupi na yaingie kwenye jokofu ndani ya saa 2. Humo yatakaa siku 3 au 4, na kwenye friza miezi kadhaa. Kila chombo kibakizwe nafasi ya kidole kimoja juu, maana mchuzi ukiganda hutanuka na kufyatua mfuniko.